Barua ya wazi kwa Mkurugenzi Mtendaji: Niandikie kosa langu

Ndugu Mkurugenzi Mtendaji wa Halmashauri yetu,

YAH: KUTENGULIWA UALIMU MKUU NA KUHAMISHWA BILA SABABU WALA MALIPO

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Barua zangu za awali nilizipitisha kwa Afisa Elimu Kata na Afisa Elimu Msingi, kama utaratibu unavyotaka. Hakuna iliyojibiwa. Hata hivyo nisingekuja hadharani kama si jambo la wiki iliyopita. Niliitwa ofisi ya utumishi, nikawekewa mezani barua iliyokwisha kuchapwa kwa jina langu, ikisema nimeomba mwenyewe kuhama kwa sababu za kifamilia. Nikaambiwa nisaini ili mambo yaishe.

Sikusaini, na sitasaini. Kila mtumishi anajua kwamba anayeomba kuhama hujigharamia, na anayehamishwa na mwajiri hulipwa posho ya kujikimu, nauli na gharama za mizigo. Sahihi yangu ilitafutwa ili deni langu life.

Ndugu Mkurugenzi, kwenye kikao cha walimu wakuu ulituahidi kwa kinywa chako kwamba hakuna mtumishi atakayehamishwa kabla fedha yake haijawa tayari. Tulikupigia makofi, na mimi nilikuwa safu ya mbele. Kisha barua ya kunitengua nikaiona kwenye kundi la WhatsApp kabla haijanifikia mkononi: umetenguliwa, umepangiwa kituo kipya ili kuboresha ikama, yaani idadi ya walimu inayotakiwa shuleni, ripoti ndani ya siku saba. Shule niliyotolewa ilikuwa na upungufu wa walimu kuliko hii niliyoletwa. Ikama gani iliyoboreshwa hapo?

Kwa kuwa hakuna aliyenieleza, nimebaki kukisia. Matokeo ya darasa la saba hayawezi kuwa sababu, maana yalipanda. Mimi nahisi ni yale madarasa tuliyojenga kwa fosi akaunti, yaani shule yenyewe kununua vifaa na kulipa mafundi bila mkandarasi. Kamati ya mapokezi ilikataa kupokea saruji pungufu, nami nikakataa kuidhinisha malipo yake. Haukupita muda nikatenguliwa. Huenda mambo hayo mawili hayahusiani kabisa. Mwenye kujua ni wewe, na ndiyo maana nataka maandishi.

Najua nitajibiwa kwamba ualimu mkuu ni madaraka, si cheo, na aliyenipa anaweza kuyachukua. Nakubali, daraja langu la mshahara halijaguswa. Lakini posho ya madaraka, shilingi 200,000 kwa mwezi, imekatika, na makato ya mkopo wa benki yako palepale. Mume wangu ana kisukari na kliniki yake iko kule nilikotoka, hivyo amebaki huko na watoto. Huku nimepanga chumba kwa fedha za kukopa kwa walimu wenzangu. Vyombo vyetu bado viko kwenye nyumba ya shule, ambayo mwalimu mkuu mpya anaihitaji, na ana haki nayo. Na wazazi niliowasomeshea watoto wao kwa miaka wanamuuliza mume wangu kama ni kweli nilikula fedha za ujenzi. Hana karatasi ya kuwaonyesha. Hilo linaniuma kuliko posho.

Kama nilikula, nishtaki. Makosa makubwa ya mwalimu yana Tume ya Utumishi wa Walimu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2015, na yana hati ya mashtaka ambayo mtuhumiwa hupewa nafasi ya kuijibu. Ibara ya 13(6)(a) ya Katiba inanipa haki ya kusikilizwa kikamilifu na ya kukata rufaa. Tangu marekebisho ya mwaka 2016, Sheria ya Utumishi wa Umma inanitaka nimalize kwanza njia za ndani ya utumishi kabla ya kwenda kwenye vyombo vya sheria za kazi. Niko tayari kuzimaliza. Lakini nitakata rufaa dhidi ya nini, wakati barua yako haitaji kosa? Mwenye kosa lililoandikwa ana pa kuanzia, mimi sina.

Siombi kurudishiwa ofisi. Kituo kipya nimekipokea, nafundisha darasa la tatu na la tano, na watoto hao hawana hatia. Stahiki zangu za uhamisho nazidai na nitaendelea kuzidai. Ila kabla ya fedha, naomba barua moja yenye sahihi yako, inayosema nimetenguliwa kwa kosa gani, au inayosema sina kosa. Yoyote kati ya hizo mbili, nitaipokea. Jina langu na cheki namba yangu ya utumishi unavyo.

Naomba kuwasilisha.

Mwalimu uliyemhamisha

Nakala: Tume ya Utumishi wa Walimu, Wilaya