Samansi ya hundi iseme wazi kwamba ruhusa huombwa kwanza

Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nieleze jambo la karatasi moja tu, ambalo linaweza kumgharimu sana mfanyabiashara wa huku Kigoma, hasa sisi tunaouziana mawese na dagaa kwa hundi za tarehe za mbele.

Shemeji yangu hununua dagaa Kibirizi na kuwasafirisha. Alimpa muuzaji wake hundi, kisha akapunguza nusu ya deni kwa fedha taslimu, na mpokeaji akatia saini kwenye daftari. Hundi iliporudishwa na benki, akashtakiwa kwa kiasi chote. Alipopokea samansi hakuzembea: ndani ya siku 21 aliwasilisha utetezi wa maandishi wa kurasa nne, wenye tarehe za kila malipo. Utetezi ule haukusomwa, kwa sababu hakuwa ameomba ruhusa ya kujitetea.

Mimi si mwanasheria, lakini baada ya hapo nililazimika kujifunza. Amri ya 35 ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, inamruhusu anayedai kwa hundi, kwa hati ya ahadi ya kulipa au kwa mkopo wenye rehani, na hata Serikali inapodai kodi ya mapato, kuchagua njia ya mkato. Akiichagua, mdaiwa hasikilizwi mpaka mahakama impe ruhusa. Asipoipata, huhesabiwa kuwa ameyakubali madai yote, na mdai hupewa tuzo, yaani amri ya mahakama kwamba alipwe. Katika kesi ya kawaida mtu huwasilisha utetezi, lakini katika hii huwasilisha maombi yanayoambatana na hati ya kiapo. Siku ni zilezile 21, na hapo ndipo watu wanapojikwaa.

Siipingi njia hiyo. Aliyepokea hundi amepokea ahadi iliyoandikwa, na wauzaji wetu wangefilisika kama kila mdaiwa angepewa miaka ya kusema maneno matupu. Ndiyo maana kiapo kinachosema tu kwamba “sidaiwi” hakimfikishi mtu popote. Mahakama hutaka mambo yenyewe, yaani nani alilipwa, lini, kiasi gani, na karatasi ipi inathibitisha. Hata hapo inaweza kutoa ruhusa kwa sharti la kuweka fedha mahakamani au kutoa dhamana. Kwa mikopo ya rehani, tangu mabadiliko ya mwaka 2008, mlango ni mwembamba zaidi: mdaiwa aonyeshe kwamba mkopo au sehemu inayodaiwa imekwisha kulipwa, au kwamba mkopo haukuchukuliwa kabisa.

Sasa, daftari la shemeji lilikuwa na mambo hasa ambayo kiapo kinayahitaji. Kilichomponza ni jina la waraka. Samansi aliyopewa ilikuwa ya Kiingereza, ingawa sheria ilikwisha kukifanya Kiswahili kuwa lugha ya mahakama tangu mwaka 2021, na aliyemsomea (mwalimu mstaafu, mtu makini) alielewa kwamba anatakiwa “kujibu”. Akajibu.

Ninachoomba hakihitaji Bunge kubadilisha Amri ya 35. Samansi ya shauri la namna hii iandikwe kwa Kiswahili, na juu kabisa, kwa herufi kubwa, iseme: usilete utetezi kwanza, omba ruhusa ya kujitetea, kwa hati ya kiapo, kabla ya siku 21 kwisha. Mpeleka samansi naye ayaseme maneno hayo kwa mdomo anapoikabidhi. Wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017 nao wangeweza kuliingiza somo hili katika mikutano yao ya sokoni, ambako kwa nilivyosikia huzungumziwa zaidi ndoa, mirathi na mashamba.

Sheria inaipa mahakama uwezo wa kutengua tuzo ya namna hii pakiwa na sababu za pekee, na shemeji ameomba hivyo. Shauri bado lipo mahakamani, kwa hiyo sitasema zaidi, ila kwamba safari hii nakala ya daftari imeambatishwa kwenye kiapo.

Mfanyabiashara wa mawese,
Ujiji, Kigoma