Tunatafuta stelingi, tumemsahau prodyuza

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako nitoe dukuduku lililonikaa kifuani tangu Jumapili. Mliandika ukurasa mzima mkiuliza filamu zetu zimepotelea wapi. Mwandishi wenu aliwataja waigizaji, akawataja waongozaji, akamlaumu huyu na kumsifu yule. Prodyuza, yule anayetafuta pesa na kusimamia filamu mpaka iishe, hata mmoja hakutajwa kwa jina. Waliitwa "wenye pesa", basi, wakapitwa.

Mimi ni fundi cherehani. Nimevalisha waigizaji wa hapa Dar tangu 2003. Nguo nyingi nazipata soko la mitumba la Karume alfajiri, belo linapofunguliwa, kabla wenye maduka hawajachagua gredi ya kwanza. Kwa hiyo ninayoyasema nayasema kutoka kwenye kapu la nguo, na kutoka pale nyuma ya kamera ambapo mtu unasikia mengi.

Kaka yangu alisoma Leningrad, mji ambao leo ni St Petersburg, akarudi nyumbani 1992. Miaka michache baadaye rafiki yake alimletea mkanda wa filamu ya Kirusi iitwayo Brat, maana yake "Ndugu". Tulijazana sebuleni, kaka amekaa kando ya televisheni akitutafsiria kama wale wa vibanda umiza, vile vya kuonyeshea video mtaani, anasimamisha mkanda, anaeleza, anaendelea. Kijana ametoka jeshini, anamfuata kaka yake St Petersburg, anakuta kaka mtu anaishi kwa kuua watu kwa malipo. Risasi zilikuwa nyingi kwa sebule yenye watoto, na maneno mengine ya yule kijana sikuyapenda wala siyapendi hadi leo. Lakini mimi nilikuwa natazama sweta. Amevaa sweta zito la sufu, limekaa mwilini kama alizaliwa nalo. Ukiliona unajua huyu hana mama wa kumfulia wala senti ya kununua jingine.

Baadaye kaka alinisomea kwamba mtu wa mavazi, Nadezhda Vasilyeva, mke wa mwongozaji Aleksei Balabanov, alilipata sweta lile kwenye duka la mitumba kwa bei ya kutupa. Nilifurahi mno, Mhariri, kama nimetajwa mimi. Waigizaji walivaa nguo za kuokoteza, nyumba nyingi za kupigia picha zilikuwa za marafiki, na watu walifanya kazi karibu na bure. Filamu hiyo ilimalizika, na mwaka 1997 ikaonyeshwa kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa. Nikauliza: nani aliyekaa nyuma ya umaskini ule mpaka kazi ikakamilika? Kaka akanitajia prodyuza wake, Sergei Selyanov.

Huyo ndiye ninayetaka wasomaji wako wamjue. Alizaliwa 1955 Karelia, upande wa mpakani na Ufini, na alianza na kikundi cha wapenzi wa filamu mjini Tula kabla ya kusomea uandishi wa filamu chuoni Moscow. Enzi hizo filamu yote ilikuwa mali ya serikali: serikali inalipa, serikali inaruhusu, serikali inasambaza. Yeye na mwenzake Nikolai Makarov, mnamo 1980, wakaanza kupiga filamu yao bila kibali cha mtu. Iliitwa Den angela, yaani "Siku ya Malaika". Ilikuja kukamilika na kutolewa 1988. Miaka minane! Nani kwetu angebeba mikanda ya filamu moja miaka minane bila kuitupa?

Umoja wa Kisovieti ukavunjika 1991, fedha za serikali zikakatika, majumba ya sinema yakageuzwa maduka ya samani na magari. Sisi hatuhitaji kuelezwa hali hiyo. Tulikuwa na Tanzania Film Company tangu 1968, iko wapi? Pale Msasani tulipokuwa tunaenda Drive-In, tumejibana kwenye gari la jirani na maandazi ya moto kwenye kikapu, leo ni ubalozi wa Marekani. Mwaka 1992, wakati wengine wanakata tamaa, Selyanov na Balabanov na mwenzao wa tatu walianzisha kampuni yao, STV, hapo hapo St Petersburg.

Kuanzia Brat hadi filamu ya mwisho ya Balabanov mwaka 2012, mwaka mmoja kabla mwongozaji huyo hajafariki, prodyuza alikuwa ni yule yule. Filamu nyingine zilipendwa, nyingine zilitukanwa. Hakumkimbia. Mwigizaji wa lile sweta, Sergei Bodrov mdogo, alipotaka naye kuongoza, kampuni ile ile ilimpa nafasi, akatoa filamu yake 2001. Mwaka uliofuata, tarehe 20 Septemba, alikuwa milimani Caucasus akipiga filamu ya pili, barafu kubwa ya mlimani iitwayo Kolka ikaporomoka bondeni Karmadon ikamfunika yeye na kundi lake. Walikufa zaidi ya watu mia moja siku ile, wakiwemo wanavijiji. Kaka alilia aliposikia habari hizo, na mimi nililia, mtu sijapata kumwona ila kwenye kioo.

Mwaka huo huo wa 2002 ilitoka filamu ya Selyanov ninayoipenda kuliko zote, Kukushka, iliyoongozwa na Aleksandr Rogozhkin. Ni Septemba 1944, wakati wa Vita Kuu ya Pili, kaskazini kabisa. Mwanajeshi wa Kifini hataki tena kupigana. Wenzake wanamfunga mnyororo kwenye jabali, na kabla ya kumwacha wanamvika sare ya SS, kikosi cha Hitler cha Wajerumani. Mhariri, mimi nimeshona miaka yote hii na sijaona nguo ikifanya kazi kubwa namna ile. Sare ndiyo hukumu. Mrusi yeyote atakayemwona atafyatua bila kuuliza jina. Anajinasua, anafika kwenye kibanda cha mwanamke wa Kisami, wenyeji wa kaskazini ile, anayeishi peke yake, na huko yupo pia mwanajeshi wa Kirusi. Watu watatu, lugha tatu, hakuna anayemwelewa mwenzake hata neno, na hivyo hivyo wanaishi, wanakula, wanagombana. Kaka mwenyewe ilibidi anyamaze, maana nusu ya maneno si Kirusi.

Fikiria mtu anaingia kwenye ofisi fulani pale Kariakoo na hadithi hiyo. Ataambiwa aongeze mapenzi, aweke stelingi anayejulikana, aje na kava kabla ya filamu. Najua kwa sababu nimekaa kwenye benchi nje ya ofisi za namna hiyo, nguo zimejaa mapajani, nikisikiliza.

Selyanov pia hakudharau watoto. Kwa kushirikiana na studio ya katuni ya Melnitsa, amewatoa mashujaa wa tenzi za kale za Kirusi akawaweka sinema: Alyosha Popovich 2004, Dobrynya Nikitich 2006, Ilya Muromets 2007, na nyingine zimeendelea kuja. Kwenye televisheni wapo na Luntik, kiumbe kidogo cha zambarau kilichotoka mwezini, tangu 2006. Mjukuu wangu anakitazama kwenye simu. Nikimwangalia namkumbuka Fumo Liyongo, aliyevunja minyororo gerezani kwa tupa iliyofichwa ndani ya mkate. Tenzi zake tunazo na watoto wetu hawajamwona akitembea kwenye kioo. Mwaka 2007 Selyanov akawa pia mmoja wa maprodyuza wa Mongol, ya maisha ya Genghis Khan ujanani, iliyoingia kwenye orodha ya mwisho ya Oscar kwa jina la Kazakhstan. Toka sweta la mtumba mpaka jeshi zima la farasi, na ofisi ni ile ile.

Sasa nieleze yetu. Mwaka 2011 niliitwa kwenye filamu nzuri, nasema nzuri kwa sababu niliisoma yote. Ilihusu msichana wa Dar wakati wa Operesheni Vijana, pale minisketi, mawigi na suruali za kubana zilipopigwa marufuku kuanzia Januari 1969. Nguo ndiyo ilikuwa kisa chenyewe, kama ile sare ya jabalini. Nilishona minisketi kumi na moja, nikashona mabugaluu sita, nikazunguka siku nne kutafuta vifungo vya zamani. Tulipiga siku tisa Kigamboni. Siku ya kumi tulikaa tumevaa tangu asubuhi, msichana aliyekuwa akiigiza kapakwa poda, chai imepoa, prodyuza hakuja. Simu haikupatikana. Baadaye tulisikia alipokea malipo ya awali ya filamu nyingine ya haraka, ya siku tano, masta, yaani nakala mama ya filamu, inauzwa moja kwa moja kwa msambazaji na haki zote zinaondoka humo humo.

Simtaji. Sidai posho yangu gazetini. Ninachouliza ni kwa nini ukurasa wenu ulimlaumu yule msichana na wenzake kwamba "hawana kipaji", wakati aliyekuwa na wajibu wa kumaliza kazi hata swali hakuulizwa. Mwigizaji hakai na mkataba wa filamu. Mwongozaji hakai nao. Kuna mtu mmoja anayejua pesa ziliishia wapi, haki zimebaki kwa nani, na kama filamu ina siku ya kumi au haina. Mpigieni simu huyo. Mwandikeni anapofanya vizuri pia, maana nimefanya kazi na wawili watatu waliolipa mpaka nauli ya mbeba taa, na majina yao sijawahi kuyaona kwenye gazeti lolote.

Na kama yule wa 2011 anasoma gazeti hili, nguo zote zipo. Nimezitia karafuu sandukuni, kila mwaka mvua za masika zikiisha nazianika. Yule msichana sasa ni mama wa watoto wawili, lakini wakati nashona niliacha akiba ya mshono, inchi mbili kila upande wa kiuno.

Mama Salma,
Mwananyamala Kwa Kopa,
Dar es Salaam