Yale makopo mawili ya Tukuyu

Iringa

Ndugu yangu Atupele,

Habari za Tukuyu na mvua zake? Umeniuliza kama yale makopo mawili ya filamu mliyoyakuta sandukuni yanaweza kuonyeshwa kwa projekta, na kama ndani yake yumo Rashidi Kawawa. Mwenye projekta asubiri. Mkanda wa zaidi ya miaka sabini husinyaa, na meno ya mashine yasipolenga matundu yanauchana.

Kawawa aliigiza kweli, ingawa wengi wanamjua kama Simba wa Vita tu. Ndiye alikuwa mhusika mkuu wa *Muhogo Mchungu*, mwanzoni mwa miaka ya 1950, kabla hajawa Waziri Mkuu Januari 1962. Ila usianze kusaka sura yake. Fremu, yaani picha moja, ya mkanda wa milimita 16 ina upana wa milimita 10 hivi. Uso humo ni punje ya ulezi.

Anza na pua. Kopo likinuka siki, asetati, ile plastiki ya mkanda, inaoza: litenge na mwenzake, maana mvuke wake huambukiza. Usilifunge kwenye mfuko wa nailoni, mvuke ukikosa pa kutokea unazidi kuula mkanda.

Kisha pima. Vaa glovu za pamba, shika mkanda kingoni, uutandaze juu ya shuka safi. Kwa futi ya chuma ya seremala (ya fundi cherehani inavutika), pima toka ukingo wa tundu la 1 hadi ukingo uleule wa tundu la 101. Mkanda usiosinyaa hutoa milimita 762. Ukipata 754 au pungufu, umesinyaa asilimia 1 au zaidi. Projekta isahau kabisa.

Matundu yakiwa pande zote mbili, filamu ni bubu. Yakiwa upande mmoja, na upande wa pili una mstari wa mawimbi, hiyo ina sauti, na hapo ndipo pa kumtafutia Kawawa. Alama za Kodak kingoni hurudi kila baada ya miaka 20: ya 1952 inafanana na ya 1932 na 1972, tena ni mwaka wa kutengenezwa mkanda, si wa kupiga picha. Jina la filamu litafute kwenye futi 10 za mwanzo, tochi ikiwa nyuma ya karatasi nyeupe. Hizo ni fremu 400, kama sekunde 17.

Zikiwa bubu, mimi nitadhani ni za mmisionari fulani. Lakini uliza kama sandukuni mlikuwa na santuri: filamu zilizotengenezwa Vugiri, Usambara, kati ya 1935 na 1937 zilitiwa sauti kwenye santuri, si kwenye mkanda.

Niandikie vipimo vya kila kopo.

Nduguyo,
Sanga