Kima huyu, kima hiki, kima hii

Magomeni Mapipa,
Dar es Salaam

Kwako shoga yangu Salma,

Ama baada ya salamu, mimi ni mzima buheri wa afya, hofu na mashaka ni kwako wewe uliye mbali na upeo wa macho yangu. Haya, sheria ya Mwalimu Kipara nimeitimiza, sasa tuongee. Najua umeninunia tangu arobaini ya Bi Mkubwa, kwa kuwa niliahidi kuvuka nije Unguja na sikuvuka. Subiri nikija ninunie vizuri, uso kwa uso. Leo nina shida, na shida yenyewe inakuhusu wewe unayelipwa mshahara kwa kujua Kiswahili.

Dhumuni la barua hii ni kima.

Usicheke. Unalikumbuka bango la marehemu mama, lile la bati, SAMBUSA ZA KIMA? Nililitoa uvunguni nikalisugua, nikalitundika pale kibandani kwangu, Mtaa wa Swahili. Mama, Mungu amrehemu, nyama ya kusaga hakuwahi kuiita jina lingine. Vijana wa hapa mjini wanasema sambusa za nyama, basi, yamekwisha. Lakini mimi nimerithi karai lake na wateja wake, nikaona neno lake nalo nisiliache nje. Mambo yakaenda vizuri mpaka alipokuja yule Mganda.

Si unaijua Kariakoo: Waganda, Wakongo, Wazambia, wote wanakuja kufunga mzigo. Huyu alikuwa amekaa kwenye benchi langu anasubiri mabelo yake yashonwe, chai iko mezani, sambusa ziko sahanini. Mara akainua macho, akasoma bango. Akasoma tena, midomo inacheza. "Dada, kima? Enkima?" Nikamwambia ndiyo kaka, kima safi, ya leo asubuhi. Salma, aliisukuma sahani mpaka chai ikamwagika.

Kumbe kwao enkima ni yule wa mitini, mwenye mkia. Na si hilo tu, bwana mwenyewe ni wa ukoo wa Nkima! Buganda kila ukoo una mwiko wake, wao wanaita omuziro, na ukoo ndio unaobeba jina la kitu ambacho wenyewe hawakili. Wako wa Simba, wako wa Kamongo, wako hata wa Uyoga. Mkuu wa ukoo wa Nkima anaitwa Mugema, na si mtu mdogo kwa Kabaka, mfalme wao. Kwa hiyo mimi nilikuwa namkaribisha mgeni ale jina la ukoo wake, kwa shilingi mia tano, na ndimu juu.

Nilimwonyesha risiti ya bucha. Nilimwita kijana wa bucha aje aape. Akacheka mwishoni, maana si mtu mbaya, akanywa chai yake na chapati mbili. Ila sambusa hakugusa. Akaenda zake na habari akaziacha nyuma. Kufika adhuhuri bodaboda wote wa kona ile wananiita Mama Kima. Mama Kima leo umemkaanga nani? Mama Kima, mkia unauza shilingi ngapi? Mmoja, yule kiherehere mwenye kofia nyekundu, akapita anajikuna kwapa. Wengine wananunua huku wakicheka, sikatai, lakini kuna mama mmoja alisimama mbele ya karai, akauliza kwa upole kama ni halali, na nilipoanza kumweleza akawa ameshaondoka. Huyo ndiye aliyeniuma. Kucheka tucheke, ila mtu akiondoka na wasiwasi harudi, na anakwenda nao nyumbani kwao.

Sasa ngoja nikwambie kuhusu Shemeji Rajabu. Unamjua, yule haongei, anatoa mada. Ni mtumishi wa halmashauri, na tangu Mei Mosi ya 2025 kule Singida, Rais alipotangaza kwamba kima cha chini cha mshahara kwa watumishi wa umma kinapanda kutoka shilingi 370,000 hadi 500,000 kuanzia Julai, neno kima halijamtoka mdomoni. Asilimia 35.1, anaitaja na nukta yake. Basi Ijumaa watu wamejaa kwa dada, mimi nasimulia habari za Mganda, yeye akaweka sahani chini, akafuta mikono, akatoa hoja: kima ni kipimo, mwisho wa maneno. Nyama inapimwa kwenye mizani, ndiyo maana ikaitwa kima. Nikamuuliza, na wa mitini je? Akafikiri kidogo, akasema yule naye ni kipimo, kipimo cha kuonyesha binadamu alikotoka.

Na watu wakaafiki! Hata mume wangu!

Usiku ule sikulala vizuri. Hasira haikuwa ya Rajabu, yeye ni Rajabu, nimeshamzoea. Hasira yangu ni ile tabia ya watu wetu kwamba ukiweza tu kulitungia neno kahadithi, basi ndiyo asili yake. Hapa mjini kila mtu anajua Kariakoo ni Carrier Corps, wale wapagazi wa jeshi la Waingereza wa vita vya kwanza, na kwa kuwa hiyo ni kweli wanadhani kila neno lina hadithi tamu ya namna ileile inawasubiri barazani.

Rajabu amekutana na maneno matatu yaliyovaa kanzu moja, akadhani ni mtu mmoja. Wa mitini ni mwenyeji, hakuja na jahazi. Mganda anasema enkima, Mnyarwanda anasema inkima, sisi ile n ya mbele tumeiacha njiani, kama tulivyofanya kwa kuku ambaye kwao ni enkoko na inkoko. Hakuna Mwarabu hapo wala mizani.

Ya sambusa ndiyo iliyosafiri. Nilikwenda kwa yule mzee wa Kihindi wa duka la vitambaa, fremu ya pili kutoka kwangu, nikamuuliza kwao nyama ya kusaga wanaitaje. Akanitazama kama nimemuuliza jina la mama yake. Kima, akasema, ila yeye ile k anaitolea mbali kooni. Kumbe chanzo ni Waturuki, wana kitenzi chao cha kukatakata vipande vidogo vidogo, na nyama iliyokatwa hivyo wakaiita kıyma. Ikaingia Uajemi, ikaingia India, ikashuka na pepo za kaskazi mpaka kwenye karai la mama. Upande wa pili ikaenda Ugiriki, na huko nako wanaiita kimas. Ukitaka kustaajabu zaidi, yule msafiri Ibn Battuta aliyepita Mombasa na Kilwa mwaka 1331 alifika Delhi baadaye, na katika vyakula vya kwenye jumba la sultani akasimulia sambusa: nyama iliyokatwakatwa, imepikwa na lozi na pistachio na vitunguu na viungo, ikafungwa kwenye mkate mwembamba, ikakaangwa kwa samli. Salma, ni ileile! Lozi tu ndizo zimetushinda bei.

Halafu cha mshahara. Hiki ni Kiarabu, na hapa Ustadhi wa madrasa ya Mapipa alinisaidia mpaka nikamwongezea sambusa. Qima ni thamani, na mzizi wake ni kusimama. Katika mzizi huohuo tumepata kaimu, anayesimama mahali pa mwenzie, na makamu, na ikama ya ofisini, na kaumu, na kiyama, siku watakayosimama wafu. Maana yake kima cha chini na siku ya kiyama ni ndugu wa tumbo moja. Nikampelekea Rajabu hiyo. Akasema hapo sasa nimeanza kufikiri.

Lakini juu ya kima watatu kuwa kitu kimoja hajasalimu amri. Kamusi ya TUKI nimemfunulia, maneno yametenganishwa, kila moja na kinamba chake pembeni, anasema kamusi zinaandikwa na watu. Ndipo nikakumbuka mambo ya ngeli, Mwalimu Kipara alivyokuwa akitupigia meza. Nikamwambia shemeji, sema: kima amepanda. Akasema. Sema: kima kimepanda. Akasema. Sema: kima imepanda. Akasema zote tatu, ulimi haukumkwama hata kidogo! Nikamuuliza nani amepanda, kipi kimepanda, ipi imepanda? Wa kwanza yuko juu ya mwembe, cha pili kimepanda Mei Mosi, ya tatu imepanda buchani wiki hii na mimi ndiye ninayeilipia. Angekuwa mmoja angevaa viambishi vitatu vya nini?

Hapo ndipo nilipofurahi hasa. Mganda ana haki ya kushtuka, si lugha yake. Lakini mzaliwa wa Pwani masikio yake yanawatenganisha kila siku bila kufundishwa. Na hicho cha Kiarabu ndicho kinachonichekesha zaidi: kimefika hapa, tumeona kinaanza na ki, tukakiingiza moja kwa moja kwenye chungu cha viti na vikombe. Hatukumuuliza Mwarabu. Ni kama kitabu, ambacho kwao ki yake ni sehemu ya neno lenyewe, sisi tukaing'oa tukasema vitabu. Wewe hili unalijua na unalifundisha. Mimi nimelifikia nikiwa nakunja manda, niache nifurahi.

Sasa ombi. Mchoraji wa mabango anakuja wiki ijayo, anatoza kwa herufi, na nimeamua neno halitoki. Mume wangu anasema andika nyama ya kusaga uishi kwa amani. Dada anasema sambusa tamu. Tamu! Hata magodoro siku hizi wanasema matamu. Nataka kima ibaki, ila bango lenyewe limalize ugomvi. Nimewaza SAMBUSA ZA KIMA YA NG'OMBE. Ile "ya" inafanya kazi yote, lakini nani anayesoma "ya" akiwa na njaa? Nikawaza jingine, nalo ndilo roho yangu imeliangukia: KIMA HII, SI KIMA HUYU. Kama jina la kanga. Rajabu anasema hakuna atakayeelewa, ndiyo kwanza nikalipenda. Ila yule mama aliyeondoka ananirudia kichwani. Je, lingemtuliza? Au angekimbia zaidi?

Nakutaka wewe uamue, na uamue upesi, maana barua hii nampa Hamisi wa botini na jibu umpe yeyeyule arudi nalo. Tena andika kwa kalamu nyekundu, ukionyesha ngeli zote, nimfunulie Rajabu muhuri wa shule.

Na nyie huko mnaishije? Mnao kima wa msitu wa Jozani, mnao kima punju, yule mwekundu anayeiba makaa akayala ili yamvunjie makali ya majani tumboni, na mezani mna kima ya katlesi. Hakuna anayechanganya? Wanafunzi wako ukiwaambia kima wanafikiri nini kwanza, mti au karai? Bado watoto wanatukanana "kima we" kama sisi tulivyochapwa kwa ajili hiyo, au siku hizi wana matusi ya kisasa? Na kimo, shoga, kimo cha mtu wewe unakiweka ukoo gani: kwa kina wima na simama, au kwa hawa kina kaimu? Usinipe jibu la darasani, nipe unaloliamini. Yule bibi wa Fuoni bado anauza manda nyembamba zile za kupitisha mwanga? Za hapa nene, zinakunywa mafuta. Anaweza kumpa Hamisi mia moja, nikalipa kwa simu? Karafuu usinitumie, ninazo, pilipili manga ndiyo nataka. Mdogo wako yule kanuna bado au ameshaolewa? Na mguu wa mama umepoa?

Wako wa siku zote,
Mwajuma

(Nasikia Hamisi ameshaambiwa. Ole wako uandike Mama Kima juu ya bahasha.)