Mechi ya Kumi ya Dons

San Francisco

Mpendwa ndugu yangu Bakari,

Salamu nyingi zikufikie wewe na wote wa nyumbani. Sisi huku hatujambo, wasiwasi ni juu yenu mlio mbali. Barua yako nimeisoma mara mbili, hasa pale uliponiuliza kama katika miaka yote niliyokaa huku nimepata kuupenda mpira wao, huu wa Kimarekani (American football) unaotumia mikono kuliko miguu, na kama ipo timu ya chuo ambayo habari zake ungeweza kuwasimulia vijana unaowafundisha. Ipo. Ni timu ya Chuo Kikuu cha San Francisco ya mwaka 1951, iliyoitwa Dons, ya chuo cha mapadre Wajesuiti kilichojengwa kilimani, mwendo mfupi wa miguu kutoka ninapoishi.

Wengi wanaoikumbuka timu hiyo hukumbuka jambo moja walilolikataa, nami nitalifikia. Lakini nakuomba uanze na jinsi walivyocheza, kwa sababu naona hawatendewi haki wanaposifiwa kwa uadilifu wao peke yake, kana kwamba uwanjani walikuwa watu wa kawaida. Walicheza mechi tisa, wakashinda zote tisa. Kocha wao, Joe Kuharich, alikuwa mtu mkali aliyewaweka kambini Corning, kaskazini mwa California, penye joto la kuchosha, na waliovumilia kambi ile walitoka wakiwa kitu kimoja. Safu ya mbele alikuwapo Gino Marchetti, kijana aliyekwisha kupigana Ulaya katika Vita Kuu ya Pili kabla hajaingia chuo, na Bob St. Clair, jitu la zaidi ya mita mbili. Nyuma yao alisimama Burl Toler, mzaliwa wa Memphis, aliyekuwa akiwaangusha wapinzani kwa nguvu ambayo wenzake waliizungumzia hadi uzeeni. Na mpira alipewa Ollie Matson.

Kuhusu Matson lazima nikae kidogo. Katika mchezo huu timu hupigania ardhi yadi kwa yadi, na mwenye mpira hukimbia huku watu kumi na mmoja wakitaka kumbwaga chini. Msimu ule Matson alikimbia yadi 1,566, nyingi kuliko mchezaji yeyote wa vyuo Marekani nzima mwaka huo. Ni karibu kilomita moja na nusu, na hakuna hatua hata moja aliyopewa bure. Mwezi Oktoba walisafiri hadi New York kucheza na Fordham. Afisa habari wa timu, kijana wa miaka 25 aitwaye Pete Rozelle, alihangaika kuwashawishi waandishi wa jiji lile waje kuiona timu ya chuo kidogo cha pwani ya magharibi. Mchezo ulipoanza tu, Matson aliudaka mpira uliopigwa na Fordham akaenda nao yadi 94 hadi mstari wa mwisho. Baadaye katika mechi hiyo hiyo akarudia, safari hii yadi 90. Dons wakashinda 32 kwa 26, na naamini bila mikimbio ile miwili wangerudi nyumbani wamefungwa.

Mechi ya mwisho waliishinda Loyola 20 kwa 2. Sasa walikuwa wakingoja mwaliko, kwa kuwa timu bora za vyuo hualikwa kucheza mechi kubwa za Mwaka Mpya, ambazo nyingi zilichezwa majimbo ya kusini na zilileta fedha nyingi. Chuo kilizihitaji sana fedha hizo. Timu ilikuwa ikiendeshwa kwa hasara, na watazamaji wa mjini walikuwa wamekwisha kuhamia kwa timu ya kulipwa ya 49ers. Kuharich akawaletea wachezaji habari: mwaliko ungeweza kupatikana, lakini kwa sharti kwamba Matson na Toler, ambao ni Weusi, wabaki nyumbani.

Hawakupiga kura, Bakari. Hawakuomba siku mbili za kufikiri. Walisema kama wale wawili hawaendi, basi haendi mtu. Ukiwasimulia vijana wako, usiwafanye wachezaji hawa kuwa wahubiri, kwa maana kila nisomapo maelezo yao wenyewe ya uzeeni naona walishangaa kwamba watu wanawauliza sababu. Walikuwa wamekula pamoja, wamelala chumba kimoja, na wamebebana katika joto la Corning. Kuwaacha wawili ilikuwa sawa na kukata mkono.

Gharama yake ilikuwa kubwa, na iliwaangukia wote. Mechi ya kumi haikuchezwa, na muda mfupi baada ya msimu ule chuo kikaivunja timu kwa kukosa fedha. Matson alikwenda Michezo ya Olimpiki ya Helsinki mwaka 1952, akarudi na medali ya shaba ya mita 400 na ya fedha ya kupokezana vijiti. Yeye, Marchetti na St. Clair wote waliingia katika jumba la heshima la mpira wa kulipwa, na si rahisi kupata timu nyingine ya chuo iliyotoa watatu wa namna hiyo kwa mwaka mmoja. Rozelle akaja kuiongoza NFL, ligi nzima ya mpira huu wa kulipwa, kuanzia 1960. Toler aliumia goti mwaka 1952, asicheze mpira wa kulipwa hata siku moja. Akawa mwalimu na mkuu wa shule hapa mjini, na mwaka 1965 akawa mwamuzi wa kwanza Mweusi wa NFL. Alifariki mwaka 2009.

Jumapili iliyopita nilipanda hadi chuoni. Liko bweni la wanafunzi lililokuwa na jina la James Phelan, meya wa zamani wa mji huu, aliyegombea useneta kwa wito wa kuiweka California mikononi mwa Wazungu. Mwaka 2017 jina hilo liliondolewa, na sasa bweni linaitwa Toler. Nilisimama mbele yake hadi ukungu wa bahari ukaanza kupanda, kisha nikashuka hadi Kezar, uwanja waliochezea nyumbani. Majukwaa ya zamani yalibomolewa mwaka 1989, umebaki uwanja mdogo wenye njia ya kukimbilia. Nilipima kwa hatua zangu yadi 94 kandokando ya nyasi, ambazo ni kama mita 86, nikaona ni mbali kuliko nilivyodhani nikiwa nimekaa na kitabu. Wapimie vijana wako kwenye kiwanja chenu kabla hujawasimulia, kisha uniandikie walisema nini.

Nisalimie mama watoto na wazee wote.

Ni mimi ndugu yako,
Idi