Barua ya wazi kwa Jaji Mkuu: kumi na nne iliyosikika kumi na nane

Mheshimiwa Jaji Mkuu wa Tanzania,

Yah: Mashauri yanayofutwa kwa mdai kutohudhuria

Nakuandikia kutoka Ngamiani, Tanga. Sipingi mahakama kufuta kesi zilizotelekezwa na wenyewe. Wapo wanaofungua kesi ili kumkomoa mtu tu, kisha hawaonekani tena, na mdaiwa kila mwezi anafunga duka kwenda kusikiliza jina lake likiitwa. Hao wafutiwe.

Shangazi yangu si wa kundi hilo. Analima machungwa Muheza. Alimpa dalali mzigo kwa mali kauli, hakulipwa, akaenda mahakamani. Mara sita alidamkia basi, bahasha ya kaki kwapani, akaambiwa kesi inatajwa tu, arudi tarehe fulani. Mara ya saba hakimu alikuwa safarini. Karani akasimama mlangoni, akawatajia watu tarehe mpya kwa mdomo: kumi na nne. Shangazi, ambaye sikio la kushoto halimsaidii tena, akasikia kumi na nane. Alipofika tarehe 18 shauri lilishafutwa.

Amri ya IX ya Sheria ya Mwenendo wa Madai, Sura ya 33, iko wazi: mdaiwa akiwepo na mdai asiwepo, shauri hufutwa, na mdai hawezi kufungua jingine kwa dai lile lile. Kilichobaki ni kuomba lirejeshwe, ndani ya siku 30, kwa sababu ya kutosha. Sasa utaapaje kwamba nne uliisikia nane? Na wa kwanza kuombwa aandike hati ya kiapo alitaja bei inayokaribia nusu ya deni lenyewe.

Ninachoomba ni kidogo. Mama mjamzito akitoka kliniki, tarehe ya kurudi imeandikwa kwenye kadi yake. Mdai naye apewe kikaratasi chenye namba ya shauri, tarehe na mhuri. Ujumbe wa simu pia utumwe. Wakopeshaji wa mtandaoni wanatukumbusha mpaka tunakereka. Na hakimu kabla ya kufuta apekue jalada: aliyehudhuria mara sita mfululizo, kweli ametelekeza?

Leo ni siku ya 19 tangu lifutwe. Bahasha ya kaki iko mezani kwangu, na bado namtafutia shangazi mtu wa kuandika kiapo.

Wako mtiifu,
Mkazi wa Ngamiani, Tanga