Rukia, niendee kwenye ngome ile

Tanga

Shoga yangu Rukia,

Asalaam aleikum. Za Seoul, za masomo, za baridi? Sisi huku wazima wote alhamdulillah. Mama anakusalimu sana, na Mwanahamisi kajifungua salama, mtoto wa kiume, vile vile alivyosema bibi. Ya mtaani nitakuandikia siku nyingine kwa urefu. Leo nina jambo, na hakuna wa kunisaidia ila wewe uliye huko huko.

Idi katuletea filamu ya Kikorea ya mwaka 2017, The Fortress. Nilijua ni zile zile za sizoni, wake wa mfalme kuviziana na sumu kwenye supu. Wapi! Hii ni vita iliyotokea kweli. Mwaka 1636 Hong Taiji, mtawala wa Wamanchu, watu wa kaskazini ya Korea, alijitangaza kuwa kaizari, na Wakorea wakakataa kumtambua. Majira ya baridi akawashukia na jeshi lake, wakavuka mto Yalu ukiwa umeganda, wakaja mbio hadi karibu na Seoul. Mfalme Injo alitaka kukimbilia kisiwa cha Ganghwa, akakuta njia imeshakatwa. Akapanda mlimani, kwenye ngome ya Namhansanseong, na huko akazingirwa siku 47. Askari kama 13,000, chakula kinapungua kila kukicha, na theluji haina huruma.

Humo ndani mna mawaziri wawili. Choe Myeong-gil anasema tuombe amani, watu wapone. Kim Sang-heon anasema bora tufe kuliko mfalme wetu kumsujudia mvamizi. Na wote wawili wanamwambia mfalme ukweli wa moyo wao, Rukia, hakuna mnafiki kati yao. Mimi nimezoea filamu unayomjua mbaya tangu mwanzo, unakaa unangoja apigwe. Hapa nilikuwa namkubali huyu, mwenzake akifungua mdomo namkubali na yeye.

Kuna kisa cha majani ya mpunga, sijui nikusimulie vipi. Askari wanalinda ukuta usiku, vidole vinaoza kwa baridi. Wanapewa magunia ya majani makavu wajifunike. Baada ya siku chache farasi hawana malisho, basi inatoka amri magunia yarudishwe, farasi wale. Wanavuliwa watu wanaotetemeka. Na farasi wenyewe hawakufika popote, mwisho wakachinjwa, nyama wakagawiwa wale wale askari waliopokonywa majani. Amri zote hizo zinatoka kwa wakubwa waliokaa ndani wakibishana juu ya heshima. Mama alilia pale.

Mjomba Shaaban yeye yuko na Kim. Kasema mfalme akishapiga magoti si mfalme tena, akainuka akaenda zake msikitini kabla filamu haijaisha. Tangu hapo tukikutana ni ubishi tu. Mimi niko na Choe na sibanduki. Ilipofika kuandika barua ya kusalimu amri, kila aliyeambiwa aiandike alikwepa, maana alijua jina lake litatukanwa vizazi na vizazi. Choe akashika kalamu. Inasimuliwa kwamba Kim aliichana barua ile, naye Choe akaokota vipande akaviunga, akasema hapakosi kuwa na mtu wa kuichana na hapakosi kuwa na mtu wa kuiokota. Nimemwambia mjomba hayo, kanyamaza, halafu kaanza upya.

Ganghwa nayo ikaanguka, wana wa mfalme waliotangulia kule wakatekwa. Injo akatoka kwa lango la magharibi, hana joho la kifalme, kavaa nguo za buluu tu, akateremka hadi Samjeondo, kivuko cha mto. Akapiga magoti mara tatu, na kila mara akaweka paji la uso chini mara tatu, mbele ya Hong Taiji. Mwanawe mrithi, Sohyeon, akachukuliwa mateka Shenyang, mji mkuu wa Wamanchu, na raia wengi mno wakaswagwa kaskazini.

Nikaendelea kusoma peke yangu, na hapa ndipo usingizi uliponiruka. Wanawake waliokombolewa wakarudi kwao walikataliwa na waume zao, eti wamechafuka. Bwana mmoja mkubwa, Jang Yu, alimwomba mfalme mwanawe aruhusiwe kumwacha mkewe aliyerudi kutoka utekani. Aliyesimama kupinga ni nani? Choe yule yule. Sasa mjomba aniambie, wale waliokuwa wakihubiri heshima walikuwa wapi siku hiyo? Walishindwa kuwalinda wake zao, kisha wakawaadhibu kwa kutekwa! Hili silimezi, Rukia, hata kama ni miaka karibu mia nne.

Na lingine ambalo filamu haikufika: miaka ya baadaye Kim na Choe walifungwa wote wawili huko Shenyang, na inasemekana ndipo walipoelewana. Natamani ningeyasikia mazungumzo yao.

Basi ombi langu. Nimeangalia kwenye ramani ya simu, kwako si mbali. Treni namba 8, unashuka Sanseong, halafu basi la kupanda mlimani. Tangu 2014 ngome imo kwenye orodha ya urithi wa dunia ya UNESCO, haitakupotea. Tembea ukutani, upite lango la magharibi, unipigie picha. Ukishuka, pitia ziwa la Seokchon, pale jirani na Lotte World, ile bustani ya michezo, kuna jiwe la mwaka 1639 ambalo Wakorea walilazimishwa kulisimamisha kumsifu Hong Taiji, kwa Kimanchu, Kimongolia na Kichina. Walishawahi kulifukia wasilione, na bado lipo.

Hivi wenzako wa darasani wanamsemaje Choe? Shuleni wanafundishwa kuwa alikuwa msaliti au mwokozi? Njia ya lango la magharibi ina mwinuko mkali? Huko mlimani sasa theluji imeshaanza? Na koti ulilonunua linatosha, au tumtume Bi Salma akija akuletee blanketi? Nijibu upesi, Ijumaa mjomba anakuja kula kwetu na nataka niwe na la kumwambia.

Wako,
Zuhura